Mwokota Masazo wa Mtaa wa Daguerre

Lori linarudi kinyumenyume hadi katikati ya shamba, linainua tela lake, na viazi vinamwagika ardhini kama kokoto. Ni viazi mviringo, vizima kabisa. Kosa lao ni umbo. Vingine vimekua kupita kiasi, vingine vimepinda, vingine vimekwaruzwa na mashine ya kuvunia, na maduka makubwa ya mjini yanataka kiazi cha saizi moja kinachokaa vizuri kwenye mfuko. Basi vinarudishwa shambani vikaoze. Lakini habari husambaa, na watu hufika na ndoo, magunia na vigari vya kusukuma.

Mmoja wao anachagua huku akizungumza. Anaokota kiazi kilichogawanyika kwa juu na kuchongoka kwa chini: kina umbo la moyo. Bibi anayempiga picha anapaza sauti kama mtoto aliyeona zawadi, hicho anakitaka yeye. Anainama, anaanza kutafuta vingine vya namna hiyo na kuvitia mfukoni. Mkono mmoja unaokota, mwingine umeshika kamera, na sisi watazamaji tunauona ule mkono unaookota ukiingia kwenye picha, umekunjamana, una madoa ya uzee.

Bibi huyo ni Agnès Varda. Alizaliwa Ubelgiji mwaka 1928, baba Mgiriki na mama Mfaransa, na mwishoni mwa mwaka 1999, alipokuwa akizunguka mashamba na masoko ya Ufaransa kwa ajili ya kazi hii, alikuwa na umri wa miaka 71. Filamu iliyotoka humo, Les Glaneurs et la glaneuse, ilionyeshwa kwenye tamasha la Cannes mwaka 2000. Ina dakika 82 tu. Mwaka 2014 jarida la Sight & Sound la Uingereza lilipowauliza wakosoaji wataje filamu bora za makala za nyakati zote, hii ilishika nafasi ya nane.

Jina la filamu hii linatupa shida sisi tunaosema Kiswahili. Kifaransa hutenganisha mwanamume na mwanamke ndani ya neno lenyewe, kwa hiyo Mfaransa akilisoma anaona waokotaji wengi, kisha anaona mwokotaji mmoja mwanamke. Kwetu mwokotaji ni mwokotaji, lugha haitoboi siri. Mwanamke huyo mmoja ni Varda mwenyewe. Alijiandika kwenye orodha ya waokotaji tangu kwenye jina la filamu, kabla hatujamwona mtu mwingine yeyote, na nadhani mtu akilielewa hilo ameelewa karibu nusu ya kazi yake.

Uokotaji wenyewe tunaujua. Waliosoma kitabu cha Ruthu wanamkumbuka yule mjane wa Kimoabu aliyekwenda kuokota masazo nyuma ya wavunaji katika shamba la Boazi. Unguja, maji ya bamvua yakitoka, wanawake huteremka pwani na vikapu kutafuta chaza na kombe. Dar es Salaam, ukienda soko la Ilala, utayakuta masalo: nyanya zilizopasuka ndani ya tenga zikiwa safarini kutoka mikoani, zinazouzwa kwa sado kwa bei ya kutupa, au zinazookotwa bure jioni wenye mzigo wakishafunga biashara.

Nayataja masalo kwa sababu yana deni langu ndani yake. Zamani kidogo, nikiwa mwandishi mchanga, nilitumwa Ilala kuandika habari za wanawake wanaookota nyanya hizo. Nilimkuta mama mmoja wa makamo amechuchumaa kando ya lundo, kanga ameifunga kiunoni, anachagua. Nikamwamkia shikamoo mama, akaitika marahaba mwanangu bila kuinua macho. Nikaanza maswali niliyokuja nayo kutoka ofisini: maisha ni magumu kiasi gani, watoto wangapi, mume yuko wapi, anajisikiaje kuokota vitu vilivyotupwa. Alijibu kwa ufupi, kwa adabu. Kisha, nadhani baada ya kuchoshwa na mimi, alinishika mkono, akaniwekea nyanya kiganjani, akaanza kunifundisha namna ya kuitambua ile ambayo ndani bado ni nzima. Somo lilichukua kama dakika kumi. Niliandika yote daftarini, kwa mazoea ya kazi.

Katika habari iliyochapishwa hakuna hata neno moja la somo lile. Kulikuwa na umaskini wake, picha yake akiwa ameinama, na kichwa cha habari chenye neno mateso. Hakuna aliyenilazimisha. Niliiandika hivyo mwenyewe, na nikapongezwa.

Miaka mingi baadaye nilipoitazama filamu ya Varda kwenye kompyuta ya rafiki, nusu saa haikupita kabla sijamkumbuka mama yule. Nilikuwa natazama mtu akifanya, sehemu baada ya sehemu, kile ambacho mimi nilikiacha daftarini. Varda alikuwa akiwauliza watu wanachokijua.

Kuna mwanamume anayeishi kwenye nyumba ya magurudumu, kwenye kambi ya watu wasio na makazi. Zamani alikuwa dereva wa lori. Alifukuzwa kazi kwa sababu ya ulevi, mke akaondoka na watoto, na sasa anakula anachookota. Tunajua namna kisa cha aina hii kinavyopigwa picha kwa kawaida: kamera inasogea usoni, inasubiri machozi, kinanda cha huzuni kinaanza chini kwa chini. Televisheni zetu wenyewe zimeizoea mno njia hiyo, na mara nyingi sauti ya mtangazaji humzungumzia mtu ambaye ameketi palepale na ana kinywa chake. Varda anamsikiliza bwana huyu hadi mwisho, hakwepi lolote, wala hamharakishi. Halafu anamwomba amwonyeshe mahali anapopatia chakula. Na hapo mambo yanageuka. Bwana yule anatangulia mbele, anaonyesha, anaeleza kipi kinafaa na kipi hakifai, na mwenye kamera anamfuata nyuma kama mgeni anayetembezwa na mwenyeji wake.

Wahenga walisema kitanda usichokilalia hujui kunguni wake. Varda hakujifanya amekilalia. Aliketi ukingoni, akamwacha mwenye kitanda aseme.

Kingine kilichonishangaza ni kwamba alikwenda kwa wanasheria. Katikati ya shamba la mboga anasimama wakili, joho jeusi hadi chini, viatu kwenye udongo, mkononi ameshika kitabu chekundu cha sheria za jinai za Ufaransa. Anaeleza kwamba kuokota masazo kunaruhusiwa, mradi mavuno yamekwisha na jua limechomoza na halijazama, na kwamba ruhusa hiyo inatokana na amri ya kifalme ya mwaka 1554. Mjini anasimama wakili mwingine, mwanamke, naye kwenye joho lake, pembeni ya vitu vilivyotupwa barabarani, akieleza kwamba kilichotupwa hakina mwenyewe, na anayekiokota amekuwa mwenyewe.

Ukiwatazama haraka unaweza kudhani wamewekwa kwa kuchekesha. Mimi naona walikuwa nguzo ya nyumba nzima. Mtu anayeinama kuokota kitu hadharani anatazamwa kama mwizi au kama mwenda wazimu, na watazamaji wanaingia na macho hayo hayo kwenye ukumbi wa sinema. Varda anawavua macho hayo. Tunaambiwa kwamba anayeokota ana haki, na kwamba haki yake ina umri wa karne nne na nusu. Baada ya hapo hatuwezi tena kumtazama kutoka juu.

Kwenye kisiwa cha Noirmoutier, upande wa Atlantiki, watu huokota chaza wanaong'olewa na dhoruba na kupwa kwa maji makubwa. Varda anawauliza kanuni: unatakiwa kukaa umbali gani kutoka kwenye mashamba ya chaza ya watu, na unaruhusiwa kilo ngapi. Kila mmoja ana hesabu yake na anaisema kwa uhakika kabisa. Varda anaunganisha majibu yao moja baada ya jingine na unacheka, lakini unacheka pamoja nao, kama mnavyocheka barazani. Wanawake wetu wa Fumba na Bweleo, kule Unguja, wangekaa kwenye mazungumzo yale bila kuhitaji mkalimani wa maana.

Kisha yupo bwana wa mabuti. Anaishi Aix-en-Provence, anatembea mitaani na mabuti yake ya mpira, anafungua mapipa ya taka na kuchukua chakula. Ana kazi, ana mshahara. Kwa zaidi ya miaka kumi amekula vya kwenye mapipa kwa kuamua, na anasema hajawahi kuugua kwa sababu hiyo. Ukimwuliza kwa nini, anakuzungumzia ndege wa baharini waliofunikwa na mafuta baada ya meli ya Erika kuzama karibu na pwani ya Bretagne Desemba 1999, na upotevu wa dunia nzima inayozalisha ili itupe. Anaongea kwa hasira na kwa mikogo. Huyu hatafuti huruma ya mtu, na Varda hampi. Anampa nafasi ya kutosha ya kujieleza, anamfuata kwa hatua, na anatuachia sisi tuamue kama ni nabii au ni mtu mgumu wa kuishi naye. Huenda ni vyote viwili.

Lakini aliyebaki moyoni mwangu, na Varda mwenyewe anakiri kwamba ndiye aliyemgusa kuliko wote, ni mtu wa soko.

Alimwona kwenye soko la wazi la Edgar Quinet, Paris, muda ule wauzaji wanapokunja meza. Mwanamume mwembamba mwenye mfuko begani, anaokota na kula palepale akiwa amesimama. Varda alimwona zaidi ya mara moja kabla ya kuthubutu kumsemesha. Hilo tu ni somo kwa sisi wenye vinasa sauti: mama huyu aliyekuwa ametengeneza filamu kwa zaidi ya miaka arobaini bado aliona haya kumwingilia mtu anayekula. Alipomkaribia hatimaye, hakuanza na maisha yake. Alianza na kile alichokuwa anakitafuna. Yalikuwa majani mabichi yanayofanana na giligilani yetu, na yule bwana akaanza kumtajia vitamini na madini yaliyomo, moja baada ya jingine, bila kusita, kama mwalimu mbele ya ubao.

Kumbe kweli alikuwa mwalimu. Ana shahada ya uzamili ya baiolojia. Anauza magazeti ya mitaani nje ya kituo cha treni cha Montparnasse, na anaishi kwenye bweni nje kidogo ya jiji. Wakazi wengi wa bweni lile ni wahamiaji kutoka Mali na Senegal, na wengi wao hawajui kusoma. Kila jioni bwana huyu anashuka kwenye chumba cha chini ya jengo na kuwafundisha Kifaransa. Halipwi. Hakuna aliyemwagiza. Amefanya hivyo kwa miaka.

Varda anaingia na kamera darasani. Tunaona ubao, tunaona chaki, tunaona mwalimu akichora kitu ili wanafunzi wapate neno, na watu wazima walioshinda kutwa kazini wakilirudia neno lile kwa sauti. Kamera haina haraka. Hakuna anayetuambia kwamba huyu ndiye yule yule aliyekuwa akiokota majani sokoni, hatuhitaji kuambiwa. Nimeitazama sehemu hiyo mara nyingi na kila mara najiuliza swali moja: kama Varda angeondoka baada ya kupata picha ya mtu anayekula taka, ambayo kwa magazeti mengi ingetosha kabisa, darasa lile lingejulikana na nani?

Si kila mahali filamu inafanikiwa hivyo. Kuna kesi ya vijana wa Prades, kusini, walioshtakiwa kwa fujo baada ya duka moja kuanza kumwagia dawa ya kuua vijidudu kwenye mapipa yake wasipate cha kula. Varda anamhoji meneja, anamhoji hakimu, anawahoji vijana na mbwa wao, na kila upande unasema lake. Ni sehemu fupi, na nakiri inanipita. Amewatendea haki wote, ila hakukaa na yeyote.

Jicho hili hakulipata uzeeni. Filamu yake ya kwanza, La Pointe Courte, aliipiga mwaka 1954 kwenye mtaa wa wavuvi wa Sète, mji ambao familia yake ilikimbilia wakati wa vita, na wavuvi wenyewe ndio walioigiza maisha yao. Mwaka 1968 alikuwa Oakland, Marekani, akiwapiga picha wanaharakati weusi wa Black Panthers. Na mwaka 1975 alitengeneza Daguerréotypes, ambayo mimi naiweka karibu sana na ile ya viazi. Varda aliishi mtaa wa Daguerre, Paris, tangu mwanzoni mwa miaka ya 1950 hadi alipofariki. Mwaka ule alikuwa na mtoto mdogo na hakutaka kuondoka nyumbani, basi akavuta waya wa umeme kutoka ndani kwake na kuamua kwamba filamu itaishia pale waya unapoishia. Ndani ya urefu huo walikuwamo mwoka mikate, mchinjaji, fundi cherehani, kinyozi, na duka la manukato la mume na mke wazee.

Bibi wa duka lile haongei sana. Jioni inapoingia, anasema mumewe, hupatwa na hamu ya kuondoka; anauendea mlango, anasimama, hafiki nje. Varda anamtazama kupitia kioo cha dirisha bila kumwuliza kitu. Hakuna daktari wa kumpa ugonjwa wake jina. Tunabaki na mwanamke mlangoni, mwanga unaopungua, na mume anayepanga chupa zake nyuma yake. Nimeona filamu ndefu sana kuhusu uzee zisizofika pale.

Waya mfupi vile ulikuwa na faida. Mtu unayempiga picha kesho utamkuta tena kwa mwoka mikate, mtapanga foleni pamoja, naye atakuwa amesikia ulivyomsema. Mwandishi anayeshuka kwenye gari, kuuliza na kupanda tena hana hofu hiyo, na hofu hiyo ni njema.

Mwaka 1985 akatengeneza hadithi ya kubuni, Sans toit ni loi, yenye msichana anayetembea barabarani bila makazi, Mona, aliyeigizwa na Sandrine Bonnaire. Filamu inaanza na mwili wake mtaroni, amekufa kwa baridi. Baadaye waliokutana naye wanatoa ushahidi mmoja mmoja: aliyempa lifti, aliyempa kazi, aliyemwonea wivu, aliyemchukia. Wengi wa mashahidi hao hawakuwa waigizaji wa kazi. Filamu ilishinda tuzo ya Simba wa Dhahabu kwenye tamasha la Venice. Mona ananuka, hashukuru, anaiba kidogo, anaondoka bila kuaga. Hatuambiwi utoto wake ulikuwaje ili tumsamehe. Varda alikataa kumtengenezea Mona sababu ya kupendeka, na hapo ndipo heshima yake kwa watu wa pembeni inapoonekana bila pambo: mtu hahitaji kuwa mwema ili astahili kutazamwa vizuri.

Sasa rudi kwenye ule mkono uliookota viazi. Kamera aliyokuwa nayo Varda ilikuwa ndogo, ya dijitali, kitu kipya kwa wakati ule, nayo ilimwezesha kufika peke yake mahali ambapo watu watano na taa zao wangemfukuza mwenyeji. Lakini aliigeuza pia kwake. Anaupiga picha mkono wake kwa karibu hadi unakuwa kama mnyama asiyemjua. Anazipiga mvi zake kwenye mizizi. Anapiga ukungu uliojitokeza kwenye dari la nyumba yake na kuutazama kama mchoro. Anaokota barabarani saa isiyo na mishale, anaipeleka nyumbani, na anafurahi nayo, kwa kuwa kwenye saa hiyo huoni muda ukipita. Siku moja alisahau kuzima kamera, na kifuniko cha lenzi kikawa kinaning'inia na kucheza hewani mbele ya picha. Badala ya kukikata, akakitilia muziki wa jazi. Hata kosa lake alilikuta chini na kuliokota.

Hili la kujipiga mwenyewe wengine hawakulipenda, na aliyelisema wazi ni mtu wa soko. Filamu ilipotoka Varda alipokea barua na zawadi nyingi kutoka kwa watazamaji, na mwaka 2002 akatengeneza nyingine, Deux ans après, yaani miaka miwili baadaye, akirudi kwa watu wale wale kuona wako wapi. Ni jambo linalofanywa mara chache mno katika kazi yetu. Sisi tukishachapisha hugeuka na kwenda. Mwalimu wa bweni anaonekana akikimbia mbio za marathoni Paris. Na anapoketi na Varda anamwambia usoni kwamba filamu ni nzuri, isipokuwa zile sehemu zinazomhusu yeye Varda, ambazo kwa maoni yake hazikuwa na haja.

Varda alikuwa na mkasi. Angeweza kulikata jibu lile na hakuna ambaye angejua. Aliliacha. Mtu aliyepigwa picha akila taka sokoni sasa alikuwa mkosoaji wake, na akapewa sauti ile ile na muda ule ule kama wakosoaji wengine.

Simuungi mkono mwalimu katika hili. Kama Varda asingeuweka mkono wake mzee mbele ya kamera, tungebaki na bibi maarufu wa Paris anayewatazama wasio na kitu. Kwa kujipiga mvi na madoa yake alikuwa akisema kwamba yeye naye yumo njiani kwenye lundo la vitu vinavyowekwa kando, na kwamba anaokota mapema. Hata hivyo nafurahi kwamba mwalimu alisema, na nafurahi zaidi kwamba nimemsikia. Ushauri wenyewe Varda hakuufuata: mwaka 2008 alitoa Les Plages d'Agnès, ambayo tangu mwanzo hadi mwisho inamhusu yeye.

Alipokuwa karibu na miaka 90 alizunguka tena vijijini, safari hii na JR, msanii wa picha aliyekuwa mdogo kwake kwa miaka 55. Gari lao lilichapisha picha kubwa za watu na kuzibandika kwenye kuta za mahali wanapoishi. Filamu ni Visages Villages, ya mwaka 2017. Kule Bruay-la-Buissière, kaskazini, kulikuwa na safu ya nyumba za wachimba makaa ya mawe zilizosubiri kubomolewa, na mwanamke mmoja tu, binti wa mchimbaji, aliyekataa kuhama. Wakaubandika uso wake kwenye nyumba yake, kutoka msingi hadi paa. Anatoka nje, anageuka, anajiona. Maneno yanamwishia. Varda anamkaribia na kumliwaza kama jirani anavyofanya, na kamera inakaa mbali kidogo.

Mwaka huo huo Hollywood ilimpa Oscar ya heshima, mwanamke wa kwanza mwongozaji kuipata. Alifariki Paris tarehe 29 Machi 2019, na watu waliweka viazi nje ya nyumba yake mtaa wa Daguerre.

Daftari la Ilala bado ninalo. Karatasi zimekuwa njano na pembeni kuna doa la nyanya. Aliyonifundisha mama yule ni haya. Usiangalie rangi, rangi inadanganya. Anzia kwenye kikonyo, bonyeza kwa dole gumba: pakiwa pagumu, ndani kuna uzima hata kama upande mmoja umepasuka. Tazama mpasuko wenyewe. Ukiwa wa leo, wa safarini, maji yake ni meupe na yananuka nyanya. Ukiwa wa juzi umeota utando, hiyo iache, hata ukiikata haifai. Ukifika nyumbani usizirundike, zitandaze kwenye ungo, zisigusane. Toa penye jeusi kwa kisu kikali, na usione uchungu kukata zaidi kidogo. Pika siku hiyo hiyo, chumvi weka mwisho. Na mchuzi wa masalo, alisema, unahitaji kitunguu kingi kuliko mchuzi mwingine, maana nyanya iliyoiva sana ina utamu wake ambao usipoutuliza utaushinda mlo.